Neno la Siri Kwenye Televisheni

Jamani, nichekeni tu. Juzi mtandao ulikatika kwenye nyumba ya wageni ya Mzee Hamisi, Kilwa Masoko, nikaitwa mimi fundi niliyeufunga. Nikachomeka waya wa USB kutoka kwenye ruta, kile kisanduku cha mtandao, hadi kwenye kompyuta yangu. Kioo cha kompyuta kilikuwa kimekufa, nikaiunganisha na televisheni ya mapokezi, anapokaa binti wa mzee, Zaituni. Ruta ikadai jina na neno la siri nililoiwekea mwenyewe.

"Neno la siri si tutaliona sote?" mzee akauliza.

"Halionekani kamwe, mzee wangu," nikajitapa, nikaliandika kwa mbwembwe.

Kumbe nimeliandika kwenye nafasi ya jina, ambako kila herufi huonekana! Wageni wakaangua kicheko. Zaituni akajifunika mtandio uso mzima. Mzee akavaa miwani, akasoma taratibu:

"Nampenda... Zaituni."

Akanigeukia. "Zaituni yupi, fundi? Huyu wangu?"