Mchina Aliyekufa Pande Zote Mbili

Alikuja kwa meli kutoka Hong Kong, akitapika bandari kwa bandari hadi Mombasa, kisha gari moshi mpaka Nairobi, na mwisho lori la mkonge lililomshusha Ruiru amejaa vumbi. Kwao alikuwa mwongozaji, mwigizaji na mwandishi wa filamu, na zile za karibuni zote zilikuwa zimeanguka. Mhindi mwenye ukumbi wa sinema Thika alimwahidi kununua picha moja ya vita, nauli ya kurudi ikiwemo. Asipoimaliza, abaki akikata tikiti mlangoni.

Mimi nilikuwa kijana niliyetoka sekondari na kuhama mji baada ya mji. Nikaajiriwa kutafsiri Kiingereza chake na kushika kamera.

Mwenye shamba la mkonge, Mzungu, alitupatia vibarua wake kila Jumapili. Ilikuwa miaka ya hali ya hatari, waasi wakisakwa msituni, kwa hiyo askari wenye bunduki za kweli walitulinda dhidi ya panga zetu za mbao. Mchina aliwavika vibarua kofia pana za nyasi, akawaweka mbali na kamera ili wafanane na jeshi la kwao. Walikimbia vizuri, wakapiga kelele vizuri. Alipowaambia wafe, wakasimama.

"Mwambie hatufi," nyapara akaniambia.

"Ni mchezo tu, mzee."

"Nikilala hapo kama maiti, nyumbani siingii mpaka nichinjiwe mbuzi wa kunitakasa. Ataleta yeye?"

"Na hawa askari wakituona chini," kibarua mmoja akaongeza, "watafikiri kazi yao imeshafanywa."

Nikatafsiri. Mchina akabandika ndevu za katani, akafa mwenyewe. Akabadilisha kofia, akafa tena kwingine. Jumapili baada ya Jumapili aliongoza vita hivyo, akapigana pande zote mbili, akauawa pande zote mbili.

Picha ilipoonyeshwa Thika, watu hawakuchelewa kumtambua.

"Huyu si tulimzika saa hii?" mtu akauliza gizani.

"Ai, mwache afe. Ndiyo kazi yake."

Ukumbi ukaangua kicheko. Mhindi alitoka akifuta macho, akasema ataichukua, ila ataitangaza kama kichekesho.

"Ni picha ya ndugu zangu," Mchina akamwambia. "Waliuawa vitani."

"Ya huzuni sinunui, rafiki."

Mchina akapokea nauli. Msanii mkubwa, lakini meli haipandwi kwa sanaa.

Siku aliyoondoka nilimsindikiza stesheni ya Thika. Wapagazi walimwomba afe kidogo kabla ya gari kufika, akajifanya hasikii. Alipokwisha kuketi, alichungulia dirishani.

"Nikifika kwetu," akaniambia, "nitasema mlilia."

"Sema tu, mzee. Machozi tulitoa."

Akafunga dirisha.