Salamu za Bijoya kwa Walimu Kumi na Mmoja

Kila Oktoba, nikikuna nazi ya kutengenezea naru, vile vidonge vya nazi na sukari guru, humkumbuka Nishith Bagchi. Mtaa wetu mzima hapa Krishnanagar ulimwita Baba Mkubwa, ingawa hakuwa na kaka wala dada hata mmoja upande huu wa mpaka.

Nchi ilipogawanywa mara mbili wakati wa uhuru, alivuka mpaka kutoka mashariki na mama yake na mwavuli mmoja. Akapata kazi ya kusahihisha kadi za arusi kwenye kiwanda kidogo cha chapa. Mwenye kiwanda alipozeeka alimwachia mtambo wa kuendeshwa kwa mguu, na Haradhan, mpanga herufi, akabaki nao kama paka anavyobaki na nyumba. Mwaka 1952 wawili hao wakaanzisha gazeti la kurasa nne, wakalipa jina la mto wetu, Jalangi. Liliandika siasa za wilaya: nani aliwagawia shemeji zake mchele wa wakimbizi, diwani gani amehama chama tena. Baba Mkubwa alishtakiwa mara mbili na kupigwa mara moja, lakini kwa miaka zaidi ya ishirini gazeti halikukosa Jumamosi hata moja. Alijivunia hilo kuliko kitu chochote. Haradhan alikuwa akimwambia, "Bwana Bagchi, laiti mkeo angekuwa Jumamosi, angekuwa na mume."

Nilikuwa na miaka sita serikali ilipotangaza hali ya hatari, mwaka 1975. Walimu kumi na mmoja walisaini barua ya kupinga, wote wakachukuliwa. Baba yangu, mwalimu wa historia, alikuwa mmoja wao. Magazeti yakakatazwa kuwataja. Kila Ijumaa Baba Mkubwa alipeleka kurasa zake kwa mkaguzi wa serikali, naye akakata kwa wino mwekundu. Kuacha nafasi nyeupe nako kulikatazwa, kwa hiyo palipokatwa palijazwa bei za viazi.

Kwetu watu waliacha kupita. Hata jirani aliyekuwa akija kuazima ungo alinunua wake. Hapakuwa na ubaya ndani yake, ni woga tu, lakini woga wa watu wengi ukikusanyika mlangoni mwako huwezi kuutofautisha na chuki.

Ikafika Bijoya, siku ya kumuaga mungu mke Durga, sanamu zake zikazamishwa mtoni. Katika siku hizo wadogo huwaendea wakubwa kuwagusa miguu kwa heshima, na hakuna nyumba isiyopata mgeni. Mama alitengeneza naru, akapanga sahani. Tulikaa siku mbili. Sisimizi ndio waliokuja.

Jumamosi, ukurasa wa kwanza wa Jalangi ulikuwa na salamu za sikukuu kama magazeti yote. "Tunawatakia Bijoya njema wafuatao, ambao mwaka huu hatukuweza kuwagusa miguu nyumbani kwao." Yakafuata majina kumi na moja, na mtaa wa kila mmoja. Baba alikuwa wa tatu. Mkaguzi alikuwa amesoma salamu za namna hiyo wiki nzima, akasaini.

Miaka mingi baadaye Haradhan alinisimulia kwamba akipanga majina hayo, alipofika la nne aliweka herufi chini. Serikali ikiufunga mtambo, yeye na Baba Mkubwa wamekwisha. Baba Mkubwa akamwambia aende nyumbani, atapanga herufi mwenyewe. "Nikamwambia, 'Ukipanga wewe utakosea majina, watakamatwa watu wengine kabisa.' Nikaendelea."

Alasiri ile Baba Mkubwa alikuja kwetu, akavua viatu barazani. Mama aliona haya mno.

"Kaka, wewe ndiye wa kufuatwa."

"Mwaka huu mambo yamepinduka, shemeji. Zile naru ziko wapi?"

Akatafuna, akasema ni ngumu kuliko herufi za Haradhan. Alikuwa bado anatafuna alipoingia yule jirani wa ungo, gazeti kwapani, akainama kumgusa mama miguu. Kisha mwanafunzi wa baba na mkewe. Mpaka jioni viatu vilikuwa vimejaa baraza na kushuka ngazi.

Jumatatu polisi wakaja kuufunga mtambo kwa lakiri. Mkaguzi, aliyekuja nao, alisema amedanganywa.

"Nilikuletea majina kumi na moja," Baba Mkubwa akamjibu. "Uliyasoma, ukasaini. Nenda kawatembelee, sikukuu haijaisha."

Jalangi likakosa Jumamosi sabini na mbili. Baba alirudi kabla ya gazeti, amekonda. Lilipofunguliwa tena, Haradhan alitaka namba ya toleo irushwe mbele kwa sabini na mbili, kana kwamba hakuna wiki iliyokosekana. Baba Mkubwa alikataa. Namba ikaendelea pale ilipokatikia, na hakujivunia Jumamosi zake tena.

Alifariki mwaka 1993. Chumba cha mtambo sasa kinauza simu, na salamu za Bijoya hutufikia kwenye simu hizo hizo, picha ya Durga na maua. Mimi bado huweka sahani karibu na mlango, nikisikiliza viatu.