Nimepigwa Huku Nikipigiwa Makofi

Wasee, leo nimepigwa huku nikipigiwa makofi.

Tulikuwa mtaani Mukuru kwa Njenga tukiigiza mchezo wetu wa vibarua waliofungiwa geti la kiwanda. Watu wa televisheni walikuja kuturekodi kwa kipindi chao.

Mimi ndiye kibarua. Rafiki yangu Mutua ndiye karao, polisi wa kutufukuza getini, na rungu lake ni sponji ya godoro tuliyoipaka rangi nyeusi.

Mutua akanichapa. Umati ukacheka.

Mara makarao wa kweli wakaingia.

Hawakuuliza kibali, hawakuuliza kitu. Rungu la kwanza lilinipata mdomoni.

Na watu wakapiga makofi!

Mama muuza chapati akapaza sauti, "Hao sasa ndio wanajua kuigiza!"

Mutua analia, "Afande, hii ni drama tu!" Ndio kwanza watu wakazidi kucheka. Mimi niko chini napigwa mateke ya mbavu, nao wanashangilia.

Mpaka jino langu likaruka, likamwangukia yule mama miguuni. Akaliokota. Akaliangalia vizuri.

Makofi yakakatika.

Akapiga nduru ambayo sijawahi kusikia. Mawe yakaanza kuruka, makarao wakatoka mbio.

Sasa nimekaa kando ya mtaro natema damu, ripota ananijia na maikrofoni.

"Pole sana, bosi. Hapo pa jino, mnaweza kurudia? Kamera ilikuwa imemwangalia Mutua."

Nikamwambia, "Sawa, tunarudia."

"Ila safari hii tutatumia jino lako."