Saa ya Fundi Viatu Kiziwi

Anayetaka kucheka acheke sasa amalize, ndipo nianze. Nikishaanza sitaki mtu anikatize kuniuliza kama nilikuwa naota. Sikuota. Nilikuwa nimekaa kitako kwenye mkeka, panga mkononi, na mdogo wangu Deo alikuwa amenilalia mguu mpaka umekufa ganzi. Ndotoni nani amewahi kufa ganzi mguu?

Ilikuwa miaka ile ya wakimbizi, kwetu Mbuba, wilayani Ngara. Baba alikuwa ametangulia, mama akamfuata, nikabaki na wadogo zangu wawili: Yusta wa miaka kumi, na Deo ambaye hata kufunga vifungo vya shati alikuwa hajui. Nilikuwa darasa la sita. Madaftari yangu niliwashia moto wa uji, na sikulia. Nilitafuta kazi.

Kazi niliipata kwenye ghala la chakula cha kambi, ya kuchambua mawe kwenye maharage. Gari la kutubeba lilipita njia panda saa kumi usiku, maana ghala lilikuwa mbali na barabara ilikuwa mbovu. Ukilikosa gari, umekosa siku. Ukikosa mara tatu, jina lako linafutwa, na wanaolitaka jina hilo wamejaa nje ya uzio tangu jana.

Sasa tatizo langu lilikuwa usingizi. Usingizi wangu haukuwa wa watu. Usiku mama alipokuwa anakata roho aliniita, nami nimelala pembeni yake kama gogo. Yusta ndiye aliyesikia. Hilo nalisema mara moja, silirudii.

Zamani tuliamshwa na jogoo. Lakini kambi ilipokuja, kuku walipata bei ambayo hatukuwahi kuiona, na kila nyumba iliwafunga miguu ikawapeleka sokoni kambini, matetea na majogoo, hata vifaranga. Kijiji kizima kikabaki bila jogoo mmoja. Asubuhi ilikuja kimya kimya kama mwizi. Nikachelewa mara ya kwanza, nikachelewa mara ya pili.

"Dada," msimamizi wa ghala aliniambia mbele ya wenzangu, "mara ya tatu utaona mgongo wa gari tu."

Wenzangu walicheka. Mmoja akadakia, "Huyu siku akifa tutajuaje? Tutazika au tutaendelea kumwamsha?"

Nikacheka nao. Ungefanya nini?

Jumapili nikaenda soko la kambini kutafuta saa. Wakimbizi waliuza kila walichookoa: sufuria, baiskeli, koti la harusi. Saa zilikuwepo nyingi, zile za kujaza kwa ufunguo, zenye kengele mbili kichwani. Nikaijaribu moja, ikalia mpaka watu wakageuka. Mama mmoja aliyekuwa ametandika kitenge pembeni akaniuliza, "Mwanangu, unalala na nani?"

Walimwita Mama Konsolata. Alitoka Burundi, na kwa kuwa Kirundi na Kihangaza chetu ni ndugu, tulielewana bila taabu. Nikamwamkia, nikamweleza.

"Basi usinunue kengele," akasema. "Itawaamsha watoto kabla yako. Na wenye bunduki wanaozunguka usiku wakisikia saa inalia, watajua nyumba hii ina kitu. Chukua hii."

Akanionyesha saa ya plastiki, ndogo kama kopo la mafuta ya kupaka. Ilikuwa na waya, na mwisho wa waya kidude cha duara, bapa, kama kifuniko cha kikombe. Haikulia. Akanibandika kile kidude ubavuni, akabonyeza. Jamani! Niliruka kama niliyekanyaga siafu. Kilitetemeka mpaka kwenye meno.

Akanifundisha namna ya kuitumia. Kidude kisiwe chini ya kichwa, maana kichwa huhama usiku. Kiwe chini ya mkeka, usawa wa mbavu. Nikifunge kwenye kitambaa ili kisigonge sakafu. "Na betri zake," akasema, "usizitoe. Kwa lolote. Hata redio ikitangaza mwisho wa dunia."

Nikacheka. Yeye hakucheka. Sikuuliza kwa nini. Nilikuwa nimeshapata nilichokitaka.

Niamini, ile saa ilifanya kazi. Kila saa tisa usiku mbavu zangu zilitikiswa kama kuna kombamwiko mkubwa chini ya mkeka. Nilinawa, nikawafunika watoto, nikafika njia panda kabla ya wote. Msimamizi akaanza kuniita "jogoo." Wiki mbili nzima.

Kisha akaja Mzee Zabroni, jirani yetu. Redio yake ilikuwa imeishiwa betri, na kila mtu alitaka kujua kama kambi itafungwa. "Nipe zako, mwanangu, nisikilize taarifa ya habari tu. Kabla hujalala nimezileta." Utamnyima vipi mzee aliyekuchimbia makaburi mawili? Nikazitoa. Nikakaa kumsubiri. Nikamsubiri nikiwa nimeegemea ukuta, halafu sikumbuki.

Nilichokumbuka baadaye ni kutikiswa. Mbavu zile zile, nguvu ile ile. Nikainuka nikapapasa saa ili niizime. Waya ulikuwa baridi. Nyuma ya saa, mahali pa betri, kidole changu kiliingia kwenye tundu tupu.

Mtu alikuwa amechuchumaa ukutani.

Mbalamwezi ilipita kwenye nyufa za ukuta, nikamwona vizuri. Mwanaume wa makamo, ana aproni ya ngozi kifuani, mikono mipana. Alikuwa anaipiga sakafu kwa kiganja, taratibu, karibu na ubavu wangu. Nikachukua panga. "Nani wewe?" Hakujibu. Nikapaza sauti, "Nani?" Hakushtuka hata kidogo. Aliangalia midomo yangu, kama mtu anayetazama kitu kikipita upande wa pili wa mto.

Alinyoosha kidole kwa Yusta, kwa Deo, kisha mlangoni. Akaweka vidole viwili juu ya kiganja, akavikimbiza. Kimbieni. Kisha akaiona saa mkononi mwangu. Akasogea, akaweka kidole chake kwenye lile tundu tupu, karibu na changu, na sikuhisi joto wala baridi. Akaniangalia usoni.

Nimeangaliwa vibaya na watu wengi maishani. Lakini sijawahi kuangaliwa hivyo. Hakukuwa na hasira. Alikuwa kama anauliza: na wewe?

Akaondoka kupitia mlangoni. Gogo la kufungia lilikuwa bado liko mahali pake.

Utaniuliza nilifanya nini. Nilikwenda kazini. Niliwaacha watoto kwa mke wa Zabroni, nikakimbia, nikalipata gari. Watoto hawali hofu yangu.

Jumapili nikamfuata Mama Konsolata. Nilikusudia kumgombeza kwa kuniuzia kitu chenye mambo yake. "Mama, saa hii ilikuwa ya nani?"

"Umezitoa betri," akasema.

Nikamweleza yule mtu, aproni na mikono. Akaketi juu ya bidhaa zake mwenyewe, kikombe cha udongo kikavunjika chini yake, hakuinuka.

"Ni mume wangu," akasema. "Fundi viatu. Alizaliwa kiziwi. Saa hiyo alipewa na padri mzungu, ili aamke mwenyewe kwenda karakana. Siku mambo yalipoharibika nilizitoa betri nikatia kwenye redio, nisikie wamefika wapi. Nikasinzia nayo sikioni. Usiku milio ya bunduki ikaanza, kila mtu anakimbia, nikabeba watoto nikajua naye ameamka, yuko nyuma yangu. Nimefika bondeni ndipo nikakumbuka. Asingesikia milio. Na saa nimeiua mimi."

Akanivuta karibu.

"Alikwambia nini?"

"Hakusema kitu, mama. Aliniangalia."

Akashika mikono yangu yote miwili. "Mimi namsubiri tangu siku ile. Nalala mchana, nakesha usiku, hajanijia. Nikadhani ni hiyo saa inamkasirisha, ndiyo maana nikaiuza. Kumbe anaifuata. Mwanangu, nipe usiku mmoja. Nilale kwenye mkeka wako, nimwombe msamaha. Ataangalia midomo yangu, ataelewa, alikuwa ananielewa. Usiku mmoja tu."

Sasa nisikilize vizuri. Sungusungu, walinzi wa kijiji, walikuwa wametangaza kwamba atakayemlaza mkimbizi nyumbani kwake atashikwa. Nikishikwa, gari linapita. Gari likipita, jina linafutwa, na Yusta na Deo wanalala njaa. Nikamwambia haiwezekani.

"Nitakaa nje, kwenye migomba. Wewe niitie akija."

"Haiwezekani, mama."

"Basi nirudishie saa."

"Saa ni yangu. Nilinunua."

Aliachia mikono yangu. Hakunilaani, na afadhali angenilaani. Alianza kuokota vipande vya kikombe kimoja kimoja, akavifunga kwenye pindo la kitenge kama vitu vya thamani.

Nilikuwa na sababu. Sababu zangu ninazo mpaka leo, zote nzima, haijapungua hata moja. Hazijawahi kunipa usingizi.

Jumapili iliyofuata nafasi yake sokoni ilikuwa tupu. Wa jirani yake akasema, "Walipandishwa magari juzi, yeye na watoto." Kwenda wapi? Akainua mabega.

Zabroni alikuwa ameniletea betri, nikazirudisha. Saa ikatikisika saa tisa kama kawaida, na yule fundi akaja pia. Usiku huo akafunua upande wa kanga tuliyojifunika, akamtazama Yusta usoni, akanitazama mimi, akaona siye anayemtafuta. Akafunika tena vizuri, mpaka mabegani, kama baba. Akatoka. Kesho yake vile vile. Niliitupa saa chooni. Akaja.

Kambi zilifungwa, ghala likang'olewa mabati, na jina nililolinda likafutwa pamoja na mengine yote siku moja. Yusta ameolewa Nyakahura. Deo ni mtu mzima, anaendesha lori. Wote wanalala vizuri, nashukuru. Mimi nimehama nyumba mara mbili, na kila nyumba, saa tisa usiku, mbavu zinatikiswa, kanga inafunuliwa.

Kwa hiyo wewe unayenisikiliza, ukinunua kitu kwa mtu aliyekimbia kwao, muulize kwanza anakiuza akimkimbia nani. Na akikuomba usiku mmoja, mpe. Usimhesabie sababu. Mimi sasa ninaamka kabla ya majogoo wote wa Mbuba, maana wamerudi, na sina tena gari la kuwahi.