Claudine na Jina la Baba Mkwe

Filamu za Kasulu zilikuwa na mzimu mmoja tu. Alikuwa Shamsi, fundi baiskeli, mrefu kuliko mlango, aliyepakwa unga wa muhogo usoni na kuambiwa angurume. Mtu aliyemtungia kila alichofanya, kwa miaka saba na filamu kumi na moja, ni Claudine Nduwayezu. Hakuna aliyemjua. Kwenye kasha la DVD ilikuwepo picha ya Shamsi, na chini yake jina la mwenye duka na mwenye kamera, Khatibu.

Khatibu alikuwa mtu mwema aliyeletwa huku na biashara ya babu yake kutoka pwani, na alikuwa na swali moja. Claudine akimletea kaunta buku lake limejaa mwandiko, yeye hufunua kurasa mbili na kuuliza, "Dada, mbona mzimu bado hajatoka?" Claudine alitaka kuandika watu wanaoogopa wakiwa peke yao, mchana, jikoni. Khatibu alitaka unga wa muhogo. Basi unga ukashinda, mpaka watu walipoanza kutazama filamu bure kwenye simu, Khatibu akarudi kuuza betri na Shamsi kuziba pancha.

Hapo ndipo Claudine alipoanza riwaya.

Sharti nieleze jambo moja, kwa kuwa vijana wa siku hizi humpigia simu baba mkwe na kumwambia mambo vipi. Kwetu, Waha na Warundi, mkamwana hatamki jina la baba mkwe wake. Hatamki akiwa hai, hatamki akiwa amekufa. Ilikuwa heshima, na ilimfundisha mtu kupima maneno kabla ya kuyaachia. Leo wanaachia tu.

Riwaya ya Claudine ilimhusu mkamwana kama huyo. Baba mkwe anafariki, na tangu siku ya maziko lile jina linaanza kumjia mdomoni. Linamjia akisonga ugali, linamjia kanisani. Anaacha kuimba, halafu anaacha kusalimia, mwishowe anaogopa hata kupiga miayo. Hakuna mzimu popote. Nilisoma muswada ule alionipa saa nne asubuhi, jua linawaka, nikainuka kufunga mlango.

Mwanzoni alimpa marehemu wa kitabuni jina la kubuni, lakini kila akiliandika mkono wake ulitulia. Siku moja akaandika jina la baba mkwe wake mwenyewe, Nkunzimana, aliyezikwa kijijini kwake Mabamba miaka mitatu nyuma. Kalamu ikamtetemeka. Akajua kitabu kimepatikana, akaliacha hivyo hivyo mpaka kikachapwa.

Habari zikafika Mabamba kwa mama mkwe wake, Pelagia. Akashuka Kasulu, akakaa kwenye kigoda, akakataa chai.

"Nimesikia umemtia baba yako kitabuni."

"Nimeandika tu, mama. Sijatamka."

 Pelagia akasema mkono ni mkono na mdomo ni mdomo, hilo analikubali. "Lakini siku utakayotamka, Mabamba usirudi." Wazazi wa Claudine walisharudi Burundi, na mumewe Leonidasi ni mtoto wa pekee. Mabamba ndiko alikokuwa na watu.

Siku ya kuzindua kitabu ukumbi ulijaa, watu kama themanini, Pelagia akiwa benchi la mbele. Msema chochote, yaani mshereheshaji, alikuwa Khatibu, aliyekisoma kitabu mara mbili na kuzunguka mjini akikisifu. Yeye, mtu wa asili ya pwani, alidhani mwiko huu ni wa kitabuni tu, wala hakujua kwamba jina lile ni la baba mkwe wa Claudine mwenyewe. Akatangaza kwa furaha kwamba mwandishi mwenyewe atasoma ukurasa wa hamsini na moja, kwa sababu ndipo panapotisha kuliko pote. Ndipo mkamwana anapofumbua kinywa mbele ya waombolezaji.

Claudine alisimama. Angeweza kukataa, lakini watu walikuwa wameshapiga makofi. Akasoma vizuri, sauti ikishuka kadiri mistari ilivyopungua. Akafika: "Akaweka upawa chini, akafumbua kinywa, na likatoka..."

Akanyamaza.

Nimekaa mikutano mingi wilayani humu. Sijapata kuona watu themanini ambao hakuna hata mmoja anayegusa simu. Midomo ya Claudine ilikuwa wazi. Mwanamke mmoja nyuma akaanza kulia.

"Soma, dada," Khatibu akanong'ona.

Pelagia akainuka polepole, akajifunga kitenge vizuri. "Mwacheni. Ameshatuambia." Kisha akamgeukia Claudine. "Ruka hapo, mwanangu, uendelee mbele."

Akaruka. Vitabu vyote mia mbili vikaisha wiki ileile, kikachapwa tena. Claudine alimwagiza mchapaji aliondoe lile jina kila mahali na aache nafasi tupu, upana wa vidole viwili. Mchapaji alidhani ni kosa, akapiga simu mara tatu.

Sasa anaandika cha pili, hukohuko Mabamba, kwenye meza ya mama mkwe. Pelagia hajui kusoma. Humtaka Claudine amsomee kile cha kwanza, na wakifika kwenye zile nafasi, wote wawili hunyamaza kidogo, kisha Pelagia humwashiria kwa kichwa aendelee.