Kadi Zilizopigwa Pasi

Mwaka uliofuata kifo cha baba nilikuwa napiga pasi katika misheni moja ya Kolwezi. Mama alikuwa ametangulia, siku aliyomzaa kitinda mimba wetu. Nyumba ya kambi ya mgodi ilikuwa ya mfanyakazi, si ya watoto wake, basi tulitoka. Niliacha shule, misheni ikanipa kazi pamoja na chumba nyuma ya karakana ya useremala. Chumba kilifuata kazi. Nikiipoteza, wadogo zangu wawili wa kiume wangepelekwa kwa mjomba kule Sandoa, na yule wa mwisho, msichana wa miaka minne, angelelewa na masista. Nilijua kwamba tukigawanywa hivyo hatutakuwa tena watu wa nyumba moja.

Padri niliyempigia pasi zaidi alikuwa mtu mwembamba, kanzu zake zikichakaa viwiko kwa kuandika. Alichunguza jinsi Kilatini kilivyozaa Kifaransa, Kireno, Kiitaliano, Kihispania na Kiromania. Kila neno lilikuwa na kadi yake. Neno mama, yaani lile la Kilatini lililozaa mengine, aliliandika kwa wino mwekundu, watoto wake kwa penseli. Masanduku ya kadi yalikaa kwenye chumba changu cha pasi, chini ya dirisha, kwa sababu makaa yalikifanya kikavu kuliko vyumba vyote.

Alipenda kunisemesha nikiwa nanyoosha kola.

"Mama," aliniita hivyo, ingawa nilikuwa na miaka kumi na saba, kwa kuwa nilikuwa nalea, "unafikiri watoto hawa wote walitoka katika Kilatini cha misa?"

"Ndiyo, Tata Padri," nilijibu; tata kwetu ni baba.

"Hapana. Kile ni cha waandishi. Hawa walizaliwa na Kilatini cha sokoni, cha askari na wauza mboga. Wachache sana walijali kukiandika."

Maneno mengine mekundu yalikuwa na nyota mbele. Nyota, alisema, inamaanisha kwamba mama huyu hajaonekana ameandikwa popote. Tunamjua kwa watoto wake tu. Niliacha pasi imesimama mpaka kola ikaanza kunuka.

Jumamosi moja alikuwa Dilolo, alikozoea kwenda kuwasikiliza watu wa reli na wachuuzi waliovuka kutoka Angola wakizungumza Kireno. Nilimaliza mashuka, nikafungua dirisha joto litoke, nikaenda kuchota maji. Mvua ilinikuta bombani. Niliporudi, upepo ulikuwa umeangusha masanduku, na kadi zilikuwa zinaelea sakafuni kama majani.

Mpishi wa misheni, mzee wa Kasai aliyefanya kazi na baba mgodini kabla ya kuumia mguu, alisimama mlangoni.

"Nilikuambia nini juu ya ile dirisha?"

"Uliniambia nifunge, tata."

"Basi tupa yote ku moto. Sema panya balikula. Panya ba huku banakula hata shaba."

"Akitaka kuwaona hao panya?"

"Utamuonyesha mi."

Niliinama nikaanza kuokota. Wino mwekundu ulikuwa umetoka wote. Kila kadi ya mama ilibaki na doa la waridi. Penseli ilikuwa bado inasomeka.

Jumapili, baada ya misa, niliwasha makaa. Mpishi alichungulia.

"Kazi siku ya Mungu, mutoto wangu?"

"Ng'ombe wangu ameanguka kisimani, tata, kama yule wa Injili."

Alikwenda, akarudi na karai la makaa mengine. Nilikandamiza kadi moja moja kati ya vitambaa viwili, pasi isiwe ya moto sana, na wadogo zangu wakazitandaza kwenye mikeka. Pembeni mwa kila kadi ya penseli padri alikuwa ameandika maana kwa Kifaransa, na hicho nilikisoma. Nikakusanya kwa maana. Zenye maana ya mvua zilikuwa *pluie*, *pioggia*, *lluvia*, *chuva*, *ploaie*. Ningefuata sura ya neno, *chuva* ningemfukuza nyumbani. Kadi za mama nilizifunga peke yake kwa uzi. Sikubahatisha kuandika upya hata moja.

Kabla jua halijazama nilifunga pia nguo za wadogo zangu: furushi la Sandoa, na furushi dogo la kwa masista.

Jumatatu padri aliingia na vumbi la treni mabegani. Sikungoja aulize.

"Tata Padri, nilifungua dirisha na sikulifunga. Watoto wapo. Mama wote wamefutika."

Alichukua fungu moja, akalipekua. Akachukua lingine. Mpishi alikohoa nje, mahali ambapo hakuwa na kazi yoyote.

"Watoto wangapi wamepotea?"

"Watatu wamechanika. Vipande nimeviweka hapa."

Alikaa kwenye benchi langu, juu ya mashuka niliyokwisha kukunja, akavua miwani.

"Mama wa vitabuni wapo kwenye kamusi," alisema. "Wenye nyota niliwapata kwa watoto hawa, na nitawapata tena kwa hawa hawa. Lakini watoto, mama, wengi niliwaokota vinywani mwa watu, na wengine wao wameshazikwa. Kama ungeacha kadi zioze, ningerudi kwa nani?" Akafungua kidau cha wino mwekundu. "Nisomee."

Nilisoma fungu la juu. "*Pouvoir*. *Potere*. *Poder*."

"Maana?"

"Kuweza."

Akachora nyota, akaandika. Niliuliza kabla ya fungu la pili.

"Na chumba, Tata Padri?"

"Chumba gani?"

"Chetu. Cha nyuma ya karakana."

Alinitazama kama mtu anayetafuta kadi isiyokuwepo. "Nani amesema mtoke? Kaeni. Ila dirisha, mama, dirisha lifungwe."

Huko nje nilimsikia mpishi akimwambia mtu kwamba panya wamepona.

Mchana nilifungua yale mafurushi. Mdogo wetu aliuliza kwa nini nguo zake zilifungwa, kisha, kama alivyozoea, akauliza mama alikuwa na sura gani. Hatukuwa na picha yake. Kila mara nilikuwa namjibu kwamba alikuwa mzuri. Siku hiyo nilimketisha mbele ya kaka zake, nikamwonyesha paji la uso la huyu, meno ya yule, na vidole vyangu.

Alitutazama mmoja mmoja.

"Kumbe alikuwa na meno makubwa," akasema.

Alikuwa nayo kweli.