Mgongo Hachomelei Gari Tupu

Gari halipandi mlima. Likiwa tupu linakwenda, tena vizuri tu. Likipakiwa mzigo linafika katikati ya mwinuko, linakohoa, linaishiwa nguvu, na dereva analirudisha kinyumenyume hadi chini huku watu wakitazama.

Ni saa tatu asubuhi. Pikapu hiyo nyeupe imesimama juu ya shimo la gereji, nyuma ya wauza vyuma chakavu. Ndani ya shimo yumo mwanamume wa miaka arobaini na mitatu, taa imefungwa kichwani, shingo imejaa makovu madogo ya cheche. Jina lake la kazi ni Mgongo. Mwenye gari amekaa juu ya tairi kuukuu, mkoba magotini. Ameletewa kiti, amekikataa. Ni mama mkwe wa Mgongo.

Mtaani mama huyo anaitwa Mama Viti. Anakodisha viti, meza na maturubai kwa harusi, misiba na mikutano. Leo ana viti mia mbili vya kufikisha kwenye ukumbi ulio juu ya kilima kabla ya saa tisa alasiri. Mwezi uliopita alichelewa mara mbili kwa sababu ya gari hili, na pikapu yake ya pili, ya bluu, nayo haipandi mlima huo ikiwa na mzigo. Mwenye ukumbi ndiye mteja wake mkubwa kuliko wote, na ameshamwambia kwamba akichelewa tena, kazi inakwenda kwa mtu mwingine mwenye viti vipya na lori.

Gari limepita gereji tatu. Ya kwanza ilibadilisha plagi. Ya pili ilibadilisha pampu ya mafuta. Ya tatu ilisafisha kila kinachosafishika, kisha ikamwambia gari limezeeka, akubali tu. Hakuna aliyeinama kutazama bomba la moshi.

Gereji ya mkwewe ameifanya ya mwisho, na wote wawili wanajua kwa nini. Siku ya kuozesha, Mama Viti aliwaambia wageni kwamba bintiye angeweza kumpata mtu mwenye nguo safi. Maneno yalimfikia bwana harusi kabla ya chakula.

"Hakunisingizia," Mgongo anasema akitoa kichwa shimoni. "Nguo zangu zina matundu. Hata hii ya leo."

Kipimo chake cha kwanza ni rahisi. Anafungua sensa iliyo mbele ya kichujio cha moshi, na kwenye tundu lake anakaza geji ya kupima msukumo wa moshi. Anamwomba fundi wa umeme wa jirani akanyage mafuta. Mshale unapanda, unaendelea kupanda, na mguu unapoachia unachelewa kushuka.

"Moshi hauna pa kutokea," anasema. "Injini ni nzima kabisa, lakini ni kama mtu anayekimbia amezibwa pua na mdomo."

Anakata kichujio kwa grainda na kukiweka miguuni mwa mwenye gari. Kichujio kizima kinafanana ndani na sega la nyuki, vitundu vidogo visivyo na idadi, na moshi hupita humo kusafishwa kabla ya kutoka. Hiki kimeyeyuka. Sega limekuwa bonge moja la kijivu, kama mshumaa uliosahauliwa juani.

Mama Viti anakigeuza kwa ncha ya kiatu. Anauliza nani amekichoma.

Mgongo naye anauliza injini ilianza kutetemeka lini. Mama anajibu kwamba ni tangu mwaka jana, lakini gari lilikuwa linakwenda. Hapo fundi anamweleza taratibu, kwa sauti ya mtu anayeongea na mkwe: koili ya kuwasha cheche kwenye silinda moja ilikufa, petroli ya silinda hiyo ikawa inatoka mbichi, ikaenda kuwakia ndani ya kichujio. Kwa hiyo koili inabadilishwa kwanza. Anaibadilisha kabla hajaendelea na bomba.

Kinachofuata ni uamuzi. Kichujio kipya kina bei ya mapato ya Mama Viti ya miezi miwili. Vya mitumba vipo, lakini vingi vimeziba nusu na vingine vimeibwa kwenye magari ya watu. Inabaki njia wanayoifuata wengi, kuchomelea kizuia moto mahali pa kichujio. Ni kopo la chuma lenye bomba la matundu katikati, na pembeni limeshindiliwa nyuzi za chuma. Linapokea mwali na joto linalotoka kwenye injini, ili sailensa ya nyuma isiungue na gari lisingurume mtaa mzima.

Lakini halisafishi moshi, na Mgongo hulisema hilo kabla hajaulizwa. Harufu itakuwa kali zaidi. Taa ya onyo itawaka kwenye dashibodi. Na siku gari likipelekwa kupimwa moshi, litakataliwa.

"Nisipomwambia mimi, atakuja kuambiwa na mkaguzi," anasema. "Halafu mwizi nani? Mimi."

Kuna jambo jingine asilolifanya. Hakati kichujio ambacho bado ni kizima. Wanunuzi wa vyuma hupita getini kila wiki wakitafuta vichujio, kwa sababu ndani mna madini ya bei. Wapo mafundi wanaomwambia mteja kimeziba, kumbe kizima, wakakikata na kukiuza jioni. Mgongo ameshawarudisha wateja waliokuja na hela mkononi, akawaambia gari lao linataka plagi tu.

"Huyu angekuwa na gari lake zamani," anasema fundi wa matairi wa jirani, ambaye amefanya kazi naye ukuta mmoja kwa miaka mingi. "Shida yake mdomo. Mteja hajafungua pochi, yeye ameshamwambia aende nyumbani."

Mama Viti anachagua kizuia moto. Anauliza kitachukua muda gani.

Mgongo anasema gari litatoka kabla ya saa nane, ila anaomba viti viletwe.

Mama anauliza viti vipi.

"Vyote, Mama. Silichomelei likiwa tupu."

Hapo ndipo kazi inaposimama. Mama Viti anainuka kwenye tairi. Anataka kujua ni fundi gani duniani anayetengeneza gari likiwa na mzigo juu. Mafundi wengine wanaacha nyundo na kusogea taratibu, kila mmoja akijifanya anatafuta spana.

Sababu ya Mgongo ni hii. Bomba la pikapu kama hii hupita juu ya ekseli ya nyuma. Fundi akiinua gari kwa jeki, magurudumu yananing'inia, ekseli inashuka, na kati yake na bomba inaonekana nafasi ya kupitisha kiganja. Fundi anafurahi, anachomelea, kazi inang'aa. Gari linakwenda kupakiwa. Springi zinalala, ekseli inapanda, inaligonga bomba kwenye kila shimo la barabara. Bomba halikatiki pale linapogongwa. Linakatika kwenye kiungo kipya cha kizuia moto, na moshi unaingia ndani kwa abiria. Hilo ni kosa la mafundi wa mabomba peke yao, na Mgongo anasema nusu ya kazi anazoletewa ni za kurekebisha kosa hilo.

"Gari lako linaishi na viti," anamwambia mama mkwe. "Nikilipima tupu, nimepima gari la mtu mwingine."

"Na ukishindwa, nikiwa nimeshapakia?"

"Utakuwa na viti vyako juu ya gari bovu. Na utakuwa uliwaambia wageni wa harusi ukweli."

Fundi wa matairi anakohoa kuzuia kicheko. Mama Viti hacheki. Anatoa simu, anampigia bintiye, ambaye ni fundi cherehani na wakati huo yuko nyumbani anapinda mapazia ya mteja. Anaiweka sauti ya juu ili kila mtu asikie, na kumuuliza kama mumewe huwa mkaidi hivi kila siku.

"Mama, huyo hata kitasa hapaki mafuta mpaka mlango ufungwe na kufunguliwa," sauti inajibu. "Wewe pakia tu."

Ghala la viti liko mtaa wa pili. Wafanyakazi wa Mama Viti wanavileta kwa mkokoteni, safari baada ya safari. Fundi wa matairi na fundi wa umeme wanaingia kusaidia bila kuombwa. Inachukua zaidi ya saa nzima. Wateja wawili waliokuwa wakimsubiri Mgongo, mmoja mwenye lori na mwingine mwenye gari dogo, wanatazama saa, wanatazama viti, wanaondoka. Mgongo anawaona.

Kiti cha mwisho kinapofungwa kamba, pikapu imelala nyuma. Mgongo anashuka shimoni na kumulika. Kisha anamwita mama mkwe aje kuona.

Mama Viti anakusanya gauni lake na kushuka ngazi za shimo, mkono mmoja ukiwa kwenye bega la mkwewe. Kati ya ekseli na bomba, pale palipokuwa na nafasi ya kiganja, sasa kidole kinapita kwa shida. Anatazama kwa muda.

"Kumbe," anasema, na kupanda juu.

Sasa bomba linahitaji kona mpya, na gereji haina mashine ya kukunja. Mgongo anajaza mchanga mkavu kwenye kipande cha bomba, anaziba ncha kwa vipande vya mti, analichoma kwa gesi mpaka liwe jekundu, halafu analivuta taratibu kuizunguka rimu kuukuu iliyofungwa mezani. Mchanga ndio unaozuia bomba lisibonyee. Kona inatoka laini.

Alijifunza hivyo akiwa kijana. Aliacha shule darasa la sita, baba yake alipofukuzwa kazi ya udereva. Akaanza kufagia gereji, halafu akapewa kazi ya kumshikia mabomba fundi mmoja mzee aliyekuwa haongei. Kwa miaka minne kazi yake ilikuwa kushika tu, asitikisike. Anasema hapo ndipo alipojifunza kila kitu, kwa sababu anayeshika bomba huona upande ambao mchomeleaji haoni.

Upande huo ndio uliompa jina. Bomba likiwa limefungwa garini, sehemu yake ya juu inatazama sakafu ya gari, na mkono haufiki. Mafundi wengi huchomelea tumbo na mbavu, mgongo wakaupaka simenti ya chuma na kuuacha. Mgongo hubandika kwanza kwa vidonge vitatu vya kuchomelea bomba likiwa mahali pake, anachora alama kwa chaki, anafungua kila kitu na kwenda nalo mezani. Huko analizungusha na kuchomelea duara zima.

"Tumbo kila mtu anachomelea, kwa sababu mwenye gari ataliona," anasema. "Mgongo ndio unaotazama miguu ya abiria. Watoto wa watu wamekaa pale juu."

Kabla ya kuchomelea hufungua waya wa betri, ili umeme usiunguze kompyuta ya gari. Kisha anashusha kinyago. Anapokiinua, mshono wa kizuia moto umelala sawa, magamba madogo yakifuatana kama ya samaki. Anausugua kwa brashi ya chuma, anaurudia kwa kidole, na mara ya kwanza leo anatabasamu peke yake.

Bomba linarudi garini. Linapoa. Anawasha injini, anaziba nyuma kwa kitambaa, na kupaka maji ya sabuni kwenye kila kiungo. Penye tundu patatoa mapovu. Mama Viti ameshuka tena shimoni bila kuitwa. Ameinama, miwani puani, anatafuta mapovu kwa bidii ya mtu anayetafuta sindano. Hakuna.

Saa saba na nusu pikapu inatoka getini, imelala nyuma, viti vimepangwa mpaka juu. Mama Viti amekaa mbele karibu na dereva. Hapungi mkono.

Mgongo ana gari jingine shimoni, lakini kazi haiendelei. Anachukua spana, anairudisha, anaichukua ileile. Fundi wa matairi anamwambia akitaka wamtafutie baiskeli awafuate. Anajibu kwamba mlima wenyewe anaujua, na kama gari likikwama, simu ataisikia.

Simu inalia kabla ya saa tisa. Ni mkewe. Mgongo anasikiliza, anaitikia mara mbili, anakata. Wenzake wamesimama wanamsubiri.

Gari limepanda bila kusimama, anawaambia. Viti vinashushwa. Mwenye ukumbi ametoka nje mwenyewe kuvihesabu, na ameshamwambia Mama Viti kuhusu harusi mbili za mwezi ujao.

"Na mkweo amesema nini?" anauliza fundi wa umeme.

"Hakusema na mimi. Amemwambia binti yake kwamba ile pikapu yake ya bluu inakuja Jumatatu." Mgongo anafuta mikono, hana haraka. "Amesema itakuja ikiwa imepakiwa."

Sasa anataka mashine ya kukunjia mabomba. Ameshaiona, ya mkono, iliyotumika, kwa fundi mmoja anayestaafu, na wamekubaliana asimuuzie mtu mwingine mpaka mwisho wa mwaka. Kwenye siku nzuri anahudumia magari manne, kwenye wiki mbaya mawili kwa wiki nzima, na kodi ya shimo haijali. Akiipata mashine, anasema, kona iliyomchukua saa nzima leo itamchukua muda wa kunywa chai. Mkewe ameshasema atashona pazia la kuikinga na vumbi.

Mama Viti alilipa bei kamili na kukataa kupunguziwa. Kazi yenyewe ilikula kizuia moto kimoja, koili moja, futi nne za bomba, vijiti kumi na kimoja vya kuchomelea na diski mbili za kukatia. Kiti kimoja kilivunjika mguu wakati wa kupakia, na Mgongo alikilipa. Wateja wawili waliondoka bila kuhudumiwa. Mwenye gari dogo alirudi kesho yake. Mwenye lori hakurudi.